Amsha na Laza

Mama Nukta alikuwa na majivuno mamoja tu, nayo yalikuwa kwenye kidole chake cha shahada. Macho yake yanaona vizuri kama yangu na yako, lakini mpe ukurasa wa nukta nundu, maandishi yanayosomwa kwa kupapasa, afumbe macho apitishe kidole, atakwambia mstari wa tisa una kosa. Jina hilo alipewa na wanafunzi wa shule ya wasioona, ambako kwa miaka kumi na tisa aliwachapia vitabu katika chumba chembamba nyuma ya stoo. Mashine yake ilipiga kelele kama mtu anayegonga bati, na yeye akajifunza kuzungumza kwa sauti ya juu hata akiwa kwao.

Mashine hiyo ilikuwa na ukaidi wake. Programu ya kuiendesha ilikuwa ya zamani, na ilikubali kufanya kazi kwenye mfumo wa zamani tu, mfumo ambao kompyuta za siku hizi zimeshausahau. Ndipo alipoletwa fundi, mwanamume wa makamo mwenye miwani iliyofungwa uzi shingoni. Fundi akaweka kompyuta ndani ya kompyuta. Usishangae, Mama Nukta naye alishangaa kwa niaba yetu sote. Fundi alimweleza kwamba hiyo ya ndani ni kama mpangaji: anakaa ndani ya nyumba ya watu, anatumia umeme wa watu, lakini akishafunga mlango wake anajiona mwenye nyumba. Ndani mle mfumo wa zamani ukaishi raha mustarehe, na mashine ikagonga bati lake.

Kazi ya kumwamsha mpangaji na kumlaza, fundi hakuiandika mwenyewe. Alisema ametumia maktaba, na Mama Nukta akauliza vitabu viko wapi. Akaambiwa si vitabu, ni amri zilizokwisha kuandikwa na wajuzi wa mbali, wanaozitoa bure kwa yeyote: amsha, laza, zima, mgawie kumbukumbu kiasi hiki. Fundi akazichukua, akazijengea kidirisha chenye vitufe viwili, Amsha na Laza. Cha tatu, Zima, alisema atakiweka wiki ijayo. Wiki hiyo mpaka leo haijafika.

Wala hakuna aliyekikumbuka. Jioni Mama Nukta alibofya Laza, na kila kilichokuwa wazi kikaganda kilivyo, neno likiwa nusu. Asubuhi alibofya Amsha, na neno likamngoja palepale. Umeme ulipokatika palikuwa na betri chini ya meza. Sasa niambie, mtu wa namna hiyo atahifadhi kazi yake kwa nini? Kazi za ofisini zilikuja zikiwa zimeshahifadhiwa, hizo hazikuwa na shida. Lakini ile aliyoianza mwenyewe humo ndani hakuipa hata jina. Ilikuwa wazi, na iliendelea kuwa wazi miaka minne. Mazoea yana taabu, walisema waliotutangulia, na wala hawakuwa wameiona kompyuta.

Kazi yenyewe ilikuwa kitabu cha Mwalimu. Mwalimu alizaliwa haoni, akafundisha hesabu wasioona wenzake miaka thelathini na sita, na njia zake hazikuwa popote ila kichwani mwake: namna ya kumfanya mtoto aishike pembetatu mpaka aielewe, namna ya kugawanya kwa vidole bila kupoteza hesabu. Alipostaafu, alikuja kila Jumanne na Alhamisi, akakaa kwenye kiti cha plastiki, akasema na Mama Nukta akapiga chapa. Waligombana kama mke na mume. Mwalimu akisema jambo lisiloeleweka, Mama Nukta alimwambia hajaelewa, naye akamjibu kwamba ndiyo maana alifeli hesabu. Sura ya kwanza tu ndiyo waliyoichapa, ili Mwalimu aonje nukta. Nyingine akakataa zisichapwe mpaka kitabu kiishe, kwa sababu alitaka kukisoma chote kwa mkupuo, kwa kidole chake, siku moja.

Zilikuwa zimebaki kurasa tatu alipopigwa na kiharusi. Mkono wa kulia ukafa, na ulimi ukafa pia. Mkono wa kushoto ukabaki na uhai.

Mama Nukta alirudi kutoka kumtazama akiwa ameamua: atachapa zote, hizo kurasa tatu Mungu anajua, ampelekee akiwa hai. Kesho yake alifika mapema na marobota ya karatasi nene, akawasha kompyuta, na ujumbe ukatokea. Alikuwa anaujua. Miezi miwili kila asubuhi ulimuuliza kama mfumo usasishwe, na kila asubuhi alibofya Baadaye. Siku hiyo alikuwa na haraka, na ule ujumbe ulimkaa kooni, akataka umwondokee. Akabofya Sawa.

Kompyuta ikajizima, ikajiwasha, ikajizungusha karibu saa nzima, ikarudi imependeza. Akabofya Amsha. Hakikuamka kitu. Akabofya tena, kisha tena, kisha akangoja kidogo kana kwamba mtu yuko bafuni, kisha akabofya tena.

Fundi alikuja adhuhuri. Alikaa kwenye kiti kile cha Mwalimu, akasoma yaliyoandikwa kwenye kioo, akavua miwani, akaivaa, akauliza mara ya mwisho kuizima kabisa hiyo ya ndani ilikuwa lini. Mama Nukta akamwambia haijawahi kuzimwa. Fundi akauliza kitabu kimehifadhiwa kwa jina gani. Hapo Mama Nukta alielewa kabla hajajibu, akakaa juu ya karatasi.

Jambo lilikuwa hivi. Mfumo mpya wa kompyuta ya nje umeitupa maktaba ya zamani na kudai mpya, na hiyo mpya haijui kusoma usingizi uliolazwa na ile ya zamani. Ilikuwa tayari kumwasha mpangaji upya, mweupe, kama siku ya kwanza, mradi usingizi wake utupwe. Na kitabu hakikuwa mahali pengine ila ndani ya usingizi huo.

Fundi hakukaa kizembe, tusimwonee. Kwanza aliunakili ule usingizi wote kwenye flashi, usije ukapotea. Akajaribu kuirudisha kompyuta kwenye mfumo uliokuwapo kabla ya kusasishwa, ikakataa kurudi nyuma. Akatafuta kompyuta nyingine iliyozeeka vizuri, akaipata kwa binamu yake, ikawa bongo lake si la aina moja na la hii, nayo ikasema haiwezi kuendeleza ndoto ya mwenzake. Akalichimba faili lenyewe la usingizi, akakuta limebanwa na kufungwa, halikutoka hata neno moja. Mwisho akawaandikia wale wajuzi wa mbali. Wakajibu baada ya siku nne, mmoja wao, kwa adabu sana. Alisema anasikitika. Alisema wanaifanya kazi hii baada ya saa zao za kazi, na usingizi wa toleo lile hawana tena njia ya kuufungua. Alisema ilitakiwa kuzimwa kabisa kabla ya kusasisha, na kwamba imeandikwa hivyo kwenye maelezo.

Mama Nukta alimwomba fundi amsomee tena jibu hilo kwa Kiswahili, polepole. Alitafuta mtu wa kumkasirikia, akamkosa. Mtu amekupa kitu bure, akakuandikia na maelezo, hukuyasoma, utamtukana vipi?

"Mama," fundi akasema, akiitazama sakafu, "kile kitufe cha tatu. Ni mimi."

"Na kidole ni changu," Mama Nukta akamjibu.

Wiki ile ile shule ilitaka karatasi za mtihani. Ikabidi mpangaji awashwe upya, na ili awashwe, usingizi utupwe. Fundi akamhakikishia kwamba nakala iko salama kwenye flashi, kinachotupwa ni cha mle ndani tu. Mama Nukta akamwambia abofye yeye. Mashine ikaanza kugonga bati lake kama hakuna kilichotokea, na wanafunzi wakafanya mtihani wao.

Nyumbani kwa Mwalimu alikuwa akienda kila Jumanne na Alhamisi, saa ile ile ya zamani. Mara ya kwanza alimpelekea sura ya kwanza. Mwalimu aliisoma kwa kidole cha kushoto, polepole mno, kwa kuwa maisha yake yote alisomea kulia. Alipofika mwisho alipapasa juu ya blanketi kutafuta karatasi inayofuata. Mama Nukta akasema bado, mashine ina hitilafu kidogo. Mara ya pili akasema bado. Mara ya tatu binti wa Mwalimu akamvuta pembeni, akamwambia, "Dada, baba haongei, lakini siku zako anazijua. Anaanza kunyoosha vidole tangu asubuhi."

Basi Alhamisi ile Mama Nukta aliona uongo umemshinda. Alikaa pembeni ya kitanda, akaitoa ile flashi kwenye mkoba. Alikuwa akizunguka nayo sokoni na kazini, imefungwa kwenye leso, kwa sababu aliogopa kuiacha popote. Akaiweka kwenye kiganja cha kushoto cha Mwalimu, akavikunja vidole vyake juu yake.

"Mwalimu, kitabu kiko humu," akasema, na kwa mara ya kwanza sauti yake ilikuwa ya chini. "Chote, mpaka pale ulipoishia. Sina wa kukiamsha. Nimetafuta, sina. Nisamehe."

Mama Nukta hakujua Mwalimu amesikia kiasi gani, wala amebakiwa na kiasi gani cha kuelewa. Kisha kidole gumba kikaanza kutembea. Kilipita upande wa juu, laini, kikapita upande wa chini, laini pia, kikaufuata ukingo taratibu, kikitafuta nukta. Kilipofika mwisho bila kupata kitu, Mwalimu aliigeuza kwa shida, akaanza tena kutoka juu kushoto, mahali ambapo ukurasa huanzia.