Leso Niliyoifua kwa Wivu

Kabla hamjayasikia kwa wengine, wacha nikiri mwenyewe: niliwahi kuiba leso ya jirani, nikaifua, nikaipiga pasi, na nikajiona mjanja. Mwenye leso amefariki wiki hii huko Gesima. Alikuwa mjane wa boma la pili, omong'ina wetu, kama tunavyowaita akina mama wazee, na ndiye aliyenishikia kifungua mimba wangu kila nilipokwenda kuchuma majani chai.

Mimi nilikuwa nimemaliza kidato cha nne, jambo nililohakikisha kila mtu amelisikia, na nilikuwa na kitabu cha malezi kilichosema mtoto akilia aachwe anyamaze mwenyewe. Wangu hakuwa amekisoma. Alilia mpaka yule mama akaja, akamfunga mgongoni kwa leso yake, akaendelea kupukuchua mahindi bila kumsemesha. Mtoto kimya. "Mama wa vitabu," akaniuliza, "huyo aliyekiandika amebeba wangapi?" Nikacheka kwa meno tu. Jioni nikienda kumchukua, mwanangu alinitazama kama mtu aliyepita kuuza sufuria, akaficha uso begani kwa yule mama. Wivu wa mume naujua. Ule ni mafua. Huu ulikuwa malaria.

Nikaamua kwamba siri iko kwenye leso. Jumamosi moja, yeye akiwa kanisani na Wasabato wenzake na sisi Wakatoliki tukiwa kwenye kufua, niliianua uani kwake. Ilinuka moshi na maziwa lala. Nikaisugua kwa sabuni ya kipande hadi ikanukia duka, nikambeba nayo mwanangu. Alipiga mayowe mpaka waumini waliokuwa wakirudi wakasimama barabarani. Mwenyewe akaja, akaishika, akainusa. "Mwanangu," akasema, "umefua mpaka umenitoa humu."

Hakunigombeza. Aliivaa siku tatu, kisha asubuhi akaja akamfunga mtoto nayo kwenye mgongo wangu mimi, akanifuata hadi shambani, kiganja chake kikiwa juu ya mtoto. Akafanya hivyo siku nyingi. Asubuhi moja nikageuka, hayupo, na mtoto amelala fofofo. Ndipo nikaelewa kwamba hakuwa ameninyang'anya kitu. Mtoto alijifunza kwake kumtegemea mtu, na alipojua, akanitegemea na mimi.

Hayo nayajua kichwani. Moyo una shule yake, na wangu bado uko nasari. Kwenye mazishi, kijana wangu, siku hizi yuko darasa la tano, alilia mpaka akakosa pumzi. Mimi nilipolazwa hospitalini mwaka jana, alikuja akauliza ni nani atampikia. Nikamnong'onezea jirani mwingine niliyesimama naye kaburini kwamba huyu mtoto hajawahi kunililia hivyo hata siku moja. Akanijibu bila kugeuza hata shingo:

"Si ufe kwanza, tuone."