Neno la Lemburis Mbele ya Chungu

Lemburis alikuwa mlinzi wa geti katika chuo kimoja juu ya Maji ya Chai, chuo ambacho wasomi wake walikuwa vitani. Vita vilianza soko huria lilipoingia, shule za Kiingereza zikaota kama uyoga na kila mwenye duka akataka mwanawe aombe maji kwa Kiingereza. Kambi ya Dokta Ludovick ilisema maarifa yafundishwe kwa Kiswahili au yasifundishwe kabisa. Kambi ya Dokta Aristides ilisema Kiswahili ni cha kununulia nyanya. Hoja zilipokwisha walitumia viti; mhadhiri wa falsafa alipoteza jino. Lemburis alizifungulia geti kambi zote mbili, na moja ilikuwa ikimsalimu.

Asubuhi moja makasha ya Dokta Ludovick, yenye istilahi alizozikusanya ujana wake wote, yalikutwa majivu kwenye shimo la taka. Polisi waliuliza kama ndani mlikuwa na redio. Walipoambiwa ni maneno tu, wakarudi zao.

Basi Dokta Ludovick, aliyewahi kuandika makala kali dhidi ya ushirikina, akatangaza kuvunja chungu Jumamosi. Mlima mzima unaijua sheria hiyo. Chungu kikivunjwa, mtenda hufa. Aliyeona akanyamaza hufiwa, kuanzia wadogo. Dawa ni kusema mbele ya watu, nao wote wajibu "tumepokea" kabla chungu hakijagusa jiwe. Neno lisilopokelewa ni sawa na lisilosemwa.

Lemburis aliona. Usiku wa moto Dokta Aristides alipita getini na dumu la mafuta ya taa, akasema, "Lemburis, kiberiti." Akampa.

Binti wa Lemburis, Silantoi, aliyeishi naye chumba cha nyuma ya geti, alikuwa mjamzito.

"Baba, wewe uliona."

"Dokta Aristides ndiye aliyenipa kazi."

"Basi mpe na mjukuu."

Jumamosi wasomi walikaa kwenye majani mbele ya ofisi, kila kambi upande wake. Wale waliocheka ushirikina kwa Kiingereza walikuwa wamewahi kufika, wakakaa mbali na jiwe. Mzee Loishiye wa Kikwe, aliyeitwa kuvunja, alishika chungu kwa mikono miwili. Lemburis akavua kofia.

"Shikamooni wakubwa. Mimi niliona aliyechoma. Naomba mnipokee. Alikuwa ni—"

"Utaratibu!" Dokta Aristides alisimama. "Katiba ya chuo inasema vikao ni kwa Kiingereza. Huyu hajasema kitu."

Kambi yake ikapiga makofi. Agnela, karani wa chuo, akanyoosha mkono. "Mimi nitamtafsiria. Ni sentensi moja tu."

"Kaa chini, Agnela," alisema Dokta Ludovick. "Ushahidi wa Kiswahili hautembei kwa magongo."

"Dokta, aliyekuchomea anatajwa!"

"Mchomaji tutampata. Msimamo ukipotea haupatikani."

Kambi yake nayo ikapiga makofi, kwa nguvu zaidi.

"Wazee wangu," Lemburis alisema, "hata kwa Kimasai nitasema. Pokeeni tu."

Hilo liliwaudhi wote. Walibishana hadi kivuli cha mlingoti kikafika kwenye jiwe.

"Mmemaliza?" aliuliza Mzee Loishiye. "Mimi niliitwa kuvunja, sikuitwa kusuluhisha. Na gari la Kikwe halinisubiri."

Akavunja.

Silantoi alijifungua wakati wa masika. Mtoto hakulia. Muuguzi alisema ni malaria, na huenda alisema kweli. Malaria haina kambi. Dokta Ludovick alileta rambirambi kwa Kiswahili safi kabisa, zenye maneno mapya matatu. Dokta Aristides hakufa. Alinenepa, akafungua shule ya Kiingereza mtaa wa Sakina, na akachapisha ng'ambo makala kuhusu mila ya chungu, iliyosifiwa kwa uchunguzi wake wa karibu.

Siku ya mazishi ya mtoto Dokta Aristides alisimamisha gari getini, akashusha kioo. Kwa mara ya kwanza akamsemesha mlinzi wake kwa Kiswahili kisichokuwa cha kuomba kitu.

"Pole sana, Lemburis."

Lemburis alishika komeo.

"Tumepokea," akasema, akafungua geti.