Kitovu cha Mheshimiwa

Nasema wazi: ile filamu ilinitia kichefuchefu, na mimi ndiye niliyeipaka rangi.

Losa Tauiliili alikuwa mchoraji wetu hapa Apia, Samoa. Tulikuwa tunaigeuza katuni riwaya ya marehemu baba yake, ile ya mbunge anayeuza chemchemi ya kijiji huku akijisifu ushujaa. Mwishoni lavalava, shuka la kiunoni, inamdondoka bungeni, na watu wanaona tatuu yake, ile ya wanaume wetu ya kiunoni hadi magotini, imeishia mgongoni, mapaja matupu. Alimkimbia fundi mgongaji wa tatuu kwa maumivu, kabla haijaisha. Kwetu hakuna aibu kuishinda hiyo, na baba yake Losa aliijua, maana tatuu yake mwenyewe iliishia hapohapo. Mji mzima ulijua kwamba amemvika mbunge aibu yake mwenyewe. Losa alitaka jambo moja tu, mwisho ule usiguswe.

Basi Fereti, mwenye studio, kijana aliyekulia Auckland, akarudi kutoka kula na wakubwa, midomo bado inang'aa tui la nazi. Kumbe mkubwa mmoja amejiona humo. Eti tatuu ikamilishwe, lavalava ianguke watu wacheke tu. Halafu, bila haya, akamgeukia Losa kwa sauti ya msibani.

“Dada, kwani hutaki kumsitiri mzee wako?”

“Baba alishindwa kuimaliza kwa damu,” Losa akasema. “Unataka mimi niimalize kwa penseli?”

Akaiweka penseli mezani, akaenda zake. Mimi nikabaki. Nina watoto, nikajiambia. Mxiu! Kama vile Losa hana.

Fereti akachora mwenyewe, na kwa uvivu wake akaweka alama ya kitovu peke yake, ile inayogongwa siku ya mwisho kabisa, mtu akishamaliza yote. Mapaja akayaacha matupu vilevile. Nikaona. Ningeweza kumwambia, lakini nilitaka aumbuke, nikapaka rangi kimya.

Siku ya kuionyesha, lavalava ilipoanguka na kitovu kikadai kumaliza juu ya mapaja matupu, kina mama walicheka mpaka machozi. Mkubwa akatoka nje. Fereti, mjinga wa watu, akadhani amefaulu, akawa anapungia watu mkono.

Mama yake Losa alikaa mstari wa mbele, hakucheka. Nikainama kumwamkia.

“Mwanangu, ile rangi ya kitovu umepaka wewe?”

Nikaitikia kwamba ni mimi.

“Mume wangu alikimbia,” akasema, “na maisha yake yote hakuwahi kusema amemaliza. Leo mmemsemea nyinyi.”