Tope la miaka elfu saba lilipogeuzwa mbolea ya maua

Kabla ya kuvaa koti lake jeupe, mama huyu anaanza kwa kutoa soda za watu.

Ni saa mbili asubuhi. Amesimama kwenye mlango wa chumba cha baridi cha maabara, miwani ameipandisha kwenye paji la uso, anashusha chupa moja moja kutoka kwenye rafu na kuzipanga sakafuni koridoni. Baada ya soda unafuata mfuko wa samaki. Anaunusa, anafumba macho kidogo, anautoa nao.

"Nimebandika karatasi mlangoni," anasema bila kugeuka. "Nimebandika nyingine ndani. Wanasoma, wanasogeza karatasi, wanaweka samaki."

Nyuma ya vinywaji hivyo ndipo walipolala wenye chumba chao: mabomba ya plastiki yaliyopasuliwa katikati kwa urefu, kila moja limeviringishiwa nailoni na kuandikwa kwa wino mzito. Ndani mna tope. Ndiyo sababu kazini wanamwita Mama Matope, jina alilolikataa mwaka wa kwanza na kulizoea mwaka wa pili.

Tope hilo hutolewa chini ya maziwa na vinamasi. Kila mwaka mimea hutoa chavua, ule unga mwembamba wa maua. Upepo huupeperusha, mwingine hutua majini, ukazama na kufunikwa na tope la mwaka unaofuata. Ganda la chavua ni gumu, haliozi kirahisi. Kwa hiyo ukishindilia bomba kwenda chini na kulivuta juu, unapata mimea yote iliyowahi kuota mahali pale, ya juzi ikiwa juu na ya miaka elfu saba ikiwa chini.

Kazi yake ni kuosha tope hilo kwa dawa kali, kuweka tone moja chini ya hadubini na kuhesabu: hii ya mti wa msituni, hii ya nyasi, hii ya mmea wa majini. Bomba moja humla miezi kadhaa. Dada yake mkubwa kila akipiga simu huuliza kama bado anahesabu vumbi. Akijibiwa kwamba bado, huguna, kisha wakaongea mengine.

Alifika hapa akiwa binti aliyetoka kuhitimu ualimu. Akiwa anasubiri kupangiwa shule, alipata kibarua cha kuosha vyombo vya kioo. Siku moja profesa aliyeongoza maabara alimwita achungulie kwenye hadubini. Aliona kitu cha mviringo chenye miiba pande zote, kimekaa matopeni miaka elfu nne na hakijapoteza mwiba hata mmoja. Shule ilipomwita, hakwenda. Mama yake mzazi alinuna mwezi mzima.

Kati ya matope yote yaliyopita mikononi mwake, moja lilimkaa moyoni. Lilitoka kwenye kinamasi kilicho ukingoni mwa mji. Chini kabisa lilijaa chavua ya miti mikubwa. Juu yake ulipita utepe mweusi wa mkaa, alama kwamba msitu uliteketea. Baada ya hapo nyasi tupu, na mbele zaidi miti ikarudi.

Alichotaka kujua ni jinsi ilivyorudi: ipi ilitangulia, na ilichukua muda gani. Vilima vinavyouzunguka mji huu leo ni vipara. Kila mwaka watu hupanda miche huko, na kila mwaka miche hukauka. Aliamini jibu limo kwenye mabomba mengine matatu ya kinamasi hicho, kila moja la kina chake, ambayo alikuwa bado hajayagusa.

Mwaka jana alichukua likizo kumuuguza dada yake huyo, aliyefanyiwa upasuaji. Huku nyuma, afisa utawala alipata habari kwamba wageni wakubwa watalitembelea jengo, akahitaji mahali pa kupozea vinywaji. Alifungua chumba cha baridi, akaona tope, akaagiza liondolewe.

Siku aliyorudi kazini, wa kwanza kumlaki alikuwa mtunza bustani, mtu mpole asiye na ugomvi na yeyote. Alimshukuru kwa mikono miwili. Ile mbolea nyeusi waliyompa kutoka maabara, alisema, haina mfano, maua ya getini yameitika ndani ya wiki mbili.

"Mbolea gani, kaka?" mama aliuliza.

Mtunza bustani akampeleka nyuma ya jengo. Mabomba ya kinamasi yalikuwa yameoshwa yakatakata, yameegemezwa ukutani yakauke, kwani aliona vibaya kutupa vitu vizima. Mabomba ya kutoka maziwani yalikuwa yamesalimika kwa sababu yalikaa rafu ya juu na aliyetumwa kuyatoa alikuwa mfupi.

Mama alikaa chini palepale kwenye sementi. Hakulia. Anachokumbuka ni kwamba alirudi getini akalikodolea macho ua moja la njano, akatamani kuling'oa kwa meno.

Alipokwenda ofisini kwa afisa utawala, alikaribishwa kiti na kupewa pole. Afisa huyo hakuona kilichoharibika. Tope ni tope, alisema, na kinamasi hakijahama, basi litachotwa jingine.

"Mzee, kinamasi kinafukiwa," mama akamwambia. "Wanajenga maghala. Malori yanamwaga kifusi kila siku."

"Basi fanya haraka uchote," akajibiwa, na kwa upande wa afisa mambo yakawa yamekwisha.

Haraka yenyewe ilikuwa hivi. Aliomba gari. Mwenye kutia saini alikuwa safarini. Aliporudi, gari likawa gereji. Lilipotoka gereji, dereva akawa amepangiwa kazi nyingine. Alimpigia simu profesa wake wa zamani, ambaye siku hizi amestaafu. Mzee alisikitika kutoka moyoni, kisha akamshauri aachane na kinamasi, aendelee na maziwa mengine.

"Kila mtu ananipa pole," anasema mama, na hata sasa sauti inampanda. "Mimi nilitaka gari. Pole nikajaziwa gunia."

Aliyelimaliza jambo hilo ni mume wake, fundi cherehani, mtu ambaye miaka yote amelalamikia tope la viatu mlangoni. Jumamosi moja alifunga kibanda chake mapema, akaazima pikapu ya mteja, akamwambia mkewe, "Mama watoto, panda twende. Nimechoka kukusikia ukiguna usingizini."

Walipopita kazini kuchukua vifaa, walimkuta mtunza bustani amesimama getini na mabuti ya mpira. Hakuna aliyemwita. Alikuwa amesikia kwa mlinzi. Akapanda nyuma ya pikapu.

Kinamasi kilikuwa kimebaki kona tu, nyuma ya tanuri la wafyatua matofali. Kifaa chao ni bomba la chuma linaloshindiliwa kwa mikono, fimbo moja ikiungwa juu ya nyingine, kisha linavutwa kwa nguvu za watu. Mara ya kwanza lilipanda tupu, tope lilikuwa limechoropoka njiani. Mara ya pili lilileta mizizi. Wafyatua matofali waliacha kazi wakaja kutazama, wakauliza kama ni dhahabu inayotafutwa. Fundi cherehani, tope likiwa limemfika kiunoni, akasema hata yeye angependa kujua.

Mara ya tatu bomba liligoma kabisa. Wafyatua matofali nao walichoka kucheka, wakaja kushika. Mtunza bustani alizikumbatia fimbo kifuani, akavuta hadi mishipa ya shingo ikamsimama. Lilipotoka, wote walianguka chali.

Mama alilifungua, akafuta juu yake kwa kisu. Utepe mweusi ulikuwa pale. Juu ya utepe, tope la kahawia laini, lisiloguswa na mtu.

Mtunza bustani aliuliza kama hilo ndilo lile alilomwagia maua. Aliambiwa ndilo. Alivua kofia yake.

"Sasa dada, mbona hakuna aliyeniambia?"

"Hata mimi ndilo swali langu," mama akamjibu.

Siku hiyo walipata mabomba mawili. Waliporudi wiki iliyofuata kutafuta la tatu, lile la sehemu ya juu ambalo tope lake lilichoropoka, walikuta kona yote imejaa kifusi na juu yake limeegeshwa lori. Namna miti ilivyoanza kurudi anaweza kuijua. Lini msitu ulikamilika, huenda asilijue kamwe, na hilo analitaja huku akitazama pembeni.

Afisa utawala naye, tusimnyime haki yake, alinunua kufuli la chumba cha baridi. Ufunguo unakaa kwa katibu muhtasi. Katibu muhtasi yuko likizo, na kwa kuwa hakuna ajuaye alikouweka, kufuli halifungwi. Maua ya getini bado yanapendeza, wageni hupiga picha mbele yake. Mama Matope siku hizi anaingilia mlango wa nyuma.

Bomba la kwanza amelimaliza mwezi uliopita. Chavua iliyotokea mapema kabisa juu ya ule mkaa, katikati ya nyasi, si ya mti wowote unaopandwa vilimani. Ni ya kichaka fulani cha miiba. Anakijua, kila mtu mjini anakijua. Ndicho ambacho wapanda miche hukifyeka kwanza ili kusafisha mahali.

Hataki kufungua mdomo kabla hajamaliza bomba la pili, asije akasema la uongo. Amebakiza miaka michache kustaafu, na anadhani itatosha. Akishamaliza, amepanga kwenda kwa hao wapanda miche na ombi moja.

"Nitawaomba waniachie kilima kimoja," anasema, akishusha miwani machoni. "Kimoja tu. Wasipande kitu, wasifyeke, wasilete mbolea. Waondoke wakiache." Anasogeza kiti karibu na hadubini. "Na hapo ndipo tutakapogombana, maana mtu ukimwambia asifanye kitu, ndiyo kwanza anatafuta panga."