Jipu la Mama Mkwe

Kazi yangu katika zahanati moja ya Mishomoroni ni kuingiza magonjwa kwenye kompyuta, kila ugonjwa kwa alama yake ya bima. Mchana mmoja daktari aliandika "jipu la mguu" tu, akaenda kuswali. Kompyuta ikakataa, maana jipu la paja lina alama yake na la wayo lina yake. Mgonjwa mwenyewe alikuwa mama mkwe wangu, amekaa mbele yangu katikati ya watu.

"Shikamoo, mama. Samahani, ni mguuni wapi hasa? Pajani au wayoni?"

Neno lilikwisha kunitoka. Watu waligeuka, bibi mmoja akaguna. Nani hutamka paja mbele ya mkwewe? Uso uliniwaka, nikainamia meza.

Mama akautoa mguu wa kushoto taratibu chini ya buibui. Wayo ulikuwa umevimba, jipu limeiva karibu na kisigino.

"Wayoni, mwanangu," alisema kwa sauti ya chini. "Andika, nikatibiwe."

Jipu lilipasuliwa siku hiyohiyo, likapona. Lakini mimi, kwa muda mrefu, mke wangu alipokwenda kwao nilisingizia kazi, nikabaki nyumbani.