Ndimu za Rwekaza Kabla ya Mlima wa Mwisho

Kwa heshima na taadhima, wananchi wa Muleba wanataarifiwa kwamba hatimaye Izigo imetoa Mtaalamu wa Ndimu kwa Wasafiri wa Miguu. Tafadhali simameni. Mwenye kofia avue.

Mtaalamu mwenyewe, Rwekaza, alikuwa amevaa ndala. Migomba yake yote ilishakufa kwa mnyauko, na tumaini lililobaki lilikuwa Jalpa, binti wa dukani Bukoba mjini, aliyeanzisha biashara ya kutembeza wageni wenye mabegi mgongoni.

"Kaka Rwekaza, leo ni majaribio," Jalpa alimwambia. "Mgeni akifika Kanazi anacheka, kazi ni yako. Asipocheka, basi tena."

Wakaondoka watatu, Rwekaza na kikapu chake cha ndimu kichwani, akimwaga elimu njia nzima. Ndimu inakata kiu. Ndimu inatuliza kichefuchefu. Jipake kwapani, hata mbuzi atakubali kukaa karibu nawe. Mgeni, Joackim wa Dodoma, aliitikia kwa kichwa kwa adabu.

Tatizo lilikuwa nyumba. Njia ile ina nyumba, nyumba zina watu, na Mhaya aliyelelewa hapiti bila kusalimia, wala hasalimii mikono mitupu. Mzee Rugemalira akawapa kamwani, ile kahawa kavu ya kutafuna, akaachiwa ndimu. Shangazi Celina akawalisha ndizi, akaachiwa ndimu. Annastella wa nyumba iliyofuata alikuwa amefiwa juzi tu. Sasa huyo naye apitwe kama mti?

"Za mgeni zimebaki?" Jalpa aliuliza.

"Zipo, waitu! Kwani mimi mtoto?"

Kwenye mlima wa mwisho jua likamkuta Joackim na ukarimu wa nyumba zote tumboni. Akakaa chini, akatapika, akafuta mdomo.

"Ile ya kichefuchefu," akanong'ona. "Nipe hata nusu."

Rwekaza akapindua kikapu. Likadondoka jani.

Jalpa akaita bodaboda. Joackim akapakiwa kama mkungu wa ndizi, hacheki.

"Asante kwa yote, kaka," Jalpa akasema, kwa ile sauti inayotumika kufukuzia watu wazima. "Ila niambie ukweli, mtaalamu. Hivi ndimu inamsaidia nini msafiri?"

Rwekaza akarudisha kikapu kichwani, akaitazama njia ya kurudi, na nyumba zake zote.

"Inasaidia ikiwepo," akasema.