Ngombe Niliyemukataa Mbele ya Wakwe

Nitawaelezea aibu yangu mwenyewe, sitaificha, maana watu wa hapa Masisi wameshaielezea kwa midomo yao mpaka imeota mikia ambayo haikuzaliwa nayo, lakini kwanza niacheni nipite Omate, kule Walikale, mahali nilichimba dhahabu wakati magoti yangu yalikuwa bado yananitii. Pale kwenye shimo kulikuwa na mama mumoja aliyetupikia maharage, Mama Furaha, muntu wa sauti kubwa na roho nzuri, alikuwa anapita nyuma yetu tukiwa tumekaa kwenye gogo, anaweka sahani pembeni ya kila muntu, na mimi kila siku nilikuwa naona wenzangu wanakula na mbele yangu hakuna kitu. Nikavumilia, nikavumilia tena (njaa ya shimo si kama njaa ya shamba, ile inakula hata akili), halafu siku moja nikasimama nikamuambia mbele ya wote kwamba ananichukia kwa sababu mimi ni muntu wa milima ya ngombe. Mama Furaha akaweka mikono kiunoni. Rafiki yangu Bahati, tuliyekuwa tunashuka naye kwa kamba moja, akanikamata sikio, akageuza kichwa changu upande wa kushoto polepole kama muntu anayetafuta poste kwenye redio, na sahani yangu ilikuwa pale karibu na paja, inzi wameshaanza bila mimi.

"Huyu hakosi chakula," Bahati akasema. "Anakosa upande."

Wakacheka, na jina likabaki, Upande Moja, mpaka nilipotoka kule. Sikukasirika, kwa sababu ilikuwa kweli: jicho langu la kushoto halijawahi kuniletea kitu tangu nizaliwe, isipokuwa mwanga na kivuli, basi. Kitu kilichonikasirisha maisha yangu yote, na bado kinanikasirisha hapa nilipokaa, ni sababu ambayo watu wa kwetu waliitoa juu ya jicho hilo.

Shangazi yangu Veronika, dada ya baba, njo alianza. Nilipokuwa mutoto wa kutambaa, jicho likaanza kwenda pembeni njia yake lenyewe, Shangazi akasema kwamba mama yangu akiwa na mimba yangu aliacha maziwa yakachemka yakamwagikia motoni, na maziwa yale yaliyoungua njo yaliunguza jicho la mutoto. Hakuna aliyeona moto huo wala maziwa hayo. Lakini kwa familia inayofuga, maneno kama hayo hayahitaji mashahidi, na kuanzia hapo mama hakuruhusiwa tena kugusa chombo cha maziwa ndani ya lupango ile, ua wa nyumba yetu. Alilima, alibeba kuni, alizaa watoto wengine, na asubuhi wakati wa kukamua alisimama mbali kama mugeni aliyekuja kuomba njia. Alikufa hivyo hivyo. Na mukubwa wangu Dieudonné, ambaye mama huyo huyo alimuzaa na alimunyonyesha, hakusema neno hata siku moja, kwa sababu lupango alirithi yeye, na Shangazi alikuwa anakaa kwake, na muntu hapendi kelele ndani ya nyumba yake.

Sasa njo tunafika kwenye siku yenyewe.

Docta wa macho walikuwa wamepanda kutoka mujini kuja kuangalia watu kwenye hospitali moja huku kwetu, na mimi nikaenda kwa sababu ya jicho la kulia, hili ninalolitegemea, lilikuwa linatoa machozi, nikaogopa. Siku hiyo hiyo kwa Dieudonné kulikuwa na sherehe: wakwe walikuwa wanaleta ngombe wa mahari ya mutoto wake Espérance, na mimi katika familia yetu njo ninaangalia ngombe, nakagua meno, pembe, kiwele, kwato, halafu nasema mbele ya wote kama tunapokea ao hatupokei. (Ndiyo, jicho moja, na sijawahi kudanganywa, muulize muntu yeyote.) Nikafikiri nitapita hospitali asubuhi, halafu niende.

Docta alikuwa mama kijana, mupole, kila neno la pili ni Papa. Akanitia matone kwenye macho yote mawili, akaniambia ni ya kufungua mboni ili aone nyuma kabisa, nikangoja, akaniweka kidevu kwenye mashini, akaangalia la kulia, akasema halina ubaya, ni upepo na uzee. Akahamia la kushoto. Akaangalia mara mbili. Akaita mwenzake, huyo naye akaangalia, halafu wakaja wale wanaojifunza, wamejipanga mustari, mumoja mumoja ananiinamia usoni kama Wakristo wanaobusu musalaba Ijumaa Kuu, na kila mumoja akiinuka anasema kitu kwa kifaransa na sura ya muntu aliyeona tembo. Nikauliza kama jicho ni langu ao ni la leta, mali ya serikali. Docta akaomba musamaha, akanielezea vizuri: nyuma ya jicho kuna kitambaa chembamba kinachopokea mwanga, na damu inafika pale kwa mishipa mikubwa, inagawanyika kwenye midogo midogo kama mifereji ya shamba, halafu inarudi. Kwangu mimi, upande wa kushoto, ile midogo haikutengenezwa. Mukubwa unaoleta damu umeingia moja kwa moja kwenye mukubwa unaoirudisha, na yote imevimba na kujipindapinda kama kamba za viazi vitamu zilizotupwa kwenye lundo. Akasema inatokea tumboni, mutoto bado anatengenezwa, na ni watu wachache sana wanaozaliwa nayo, njo maana wale wanafunzi wake wote walitaka kuona. Dawa ya kurudisha uoni hakuna. Lakini nikipata nafasi nishuke Goma wanipige picha ya kichwa, kwa sababu mara nyingine mishipa ya namna hiyo inajificha na mule ndani.

Mimi kichwa sikukifikiria. Nilimuuliza kitu kimoja tu: na kama mama aliacha maziwa yakamwagikia motoni? Hakuelewa, nikamuelezea yote, Shangazi, chombo, mama amesimama mbali. Hakucheka yule docta, Mungu amubariki.

"Papa," akasema, "mama yako hakufanya kitu. Hii hakuna mama anaifanya."

Sasa niambieni, muntu aliyesikia neno hilo baada ya maisha mazima, ataweza kukaa kwenye benchi kungoja dawa ishuke? Kwa sababu njo waliniambia: Papa, usiondoke, jua litakuchoma macho, utaona ukungu mutupu, kaa kivulini mpaka jioni na utafute muntu wa kukusindikiza. Lakini familia yote ilikuwa imekusanyika kwa Dieudonné siku hiyo, hata Shangazi Veronika, ambaye kwa uzee wake anatolewa nje kwenye kiti kama kabati. Wapi tena ningewapata wote pamoja? Nikachukua fimbo yangu, nikatoka.

Ndugu zangu, nilipofungua mulango, jua lilinipiga kofi. Njia ilikuwa nyeupe, majani meupe, watu wamekuwa vivuli vyenye kusalimia, nikawa najibu salamu za miti. Machozi yalianza kushuka na hayakusimama, kitambaa kikalowa, mukono wa koti ukalowa, na ninapanda mulima hivyo ninarudia ndani ya moyo maneno ya docta nisiyapoteze.

Nikaingia kwa Dieudonné ninalia.

Wakwe walikuwa wamekaa chini ya bâche, lile turubai la sherehe, wanakunywa maziwa, wanacheka, na wote wakanigeukia. Fikiria: musemaji wa upande wa bibi arusi anaingia na machozi mpaka kidevuni. Musemaji wao, muzee mumoja mwenye kofia na maneno mengi, akauliza kwa adabu kama kuna matanga mahali, ao kama ndoa hii inatuumiza kiasi hicho. Nikasema ni dawa tu. Mama mumoja akaniangalia karibu, akasema macho yangu yote yamekuwa meusi kama ya panya, na nyuma yangu nikasikia muntu anamunong'oneza mwingine, "Papa Anicet ameamukia ku kasiksi." Mimi, mulinzi wa mulango wa kanisa, ambaye pombe ya ndizi ninaisikia harufu tu wakati wengine wanaungama.

Nikamuambia Dieudonné nina neno la kusema mbele ya familia, ni juu ya mama. Akanijibu meno yamefungwa kwamba ngombe kwanza, maneno baadaye, wakwe wamengoja vya kutosha.

Ningeweza kusema sioni. Najua. Kila muntu ananiambia hivyo leo, hata wale ambao hawajui kumutofautisha ngombe na mbuzi. Lakini Shangazi alikuwa amekaa pale kwenye kiti chake, na kama ningesema mbele ya wote "leo sioni kitu", angecheka kicheko chake kile kikavu, na mama angekuwa ameshindwa hata kabla sijafungua mudomo. Basi nikashika fimbo vizuri, nikatembea kama muntu anayeona, nikafika mahali vivuli vya ngombe vilikuwa vimefungwa, nikachagua kilicho karibu.

Nikatumia mikono. Nikapapasa nyonga, mifupa inatoka kama misumari ya kutundikia makoti. Nikapapasa pembe, imevunjika ncha. Nikainama kwenye kiwele, chuchu moja imekauka. Hasira ikanipanda, na sasa machozi yakanisaidia, nikageuka kwa wakwe nikasema, kwa sauti ile ya zamani, kwamba huyu si ngombe wa kuolea mutoto wetu, huyu ni ngombe wa kuzika muntu asiyependwa, kwamba amezaa mpaka amesahau idadi, na muntu aliyemuleta hapa ametutukana na nyumba yetu.

Nikafikiri nimewashika.

"Papa," musemaji wao akasema taratibu, "ile haikutoka kwetu. Ile ni ya mukubwa wako."

Ilikuwa Gaju. Ngombe ambaye Dieudonné anamupenda kuliko sisi wote, maziwa yake njo yalimusomesha Espérance, na kabla sijafika alikuwa amemusifu kwa wakwe asubuhi nzima. Na mimi nauliza mpaka leo, kwa nini alikuwa pale? Nani anafunga ngombe wake mwenyewe katikati ya ngombe wa wakwe, kama si muntu anayetaka kujionyesha? Muulizeni hilo, musiniulize mimi tu.

Kicheko kilianza kwa vijana, kikapanda mpaka kwa wazee, na yule wa kofia, ambaye mudomo wake ni panga, akasimama. Akasema anashukuru sana, kwa sababu amesikia thamani ya nyumba hii kutoka kinywa cha nyumba yenyewe. Kama huyu aliyesomesha bibi arusi ni ngombe wa kuzikia, basi wao wameleta ngombe wazuri kupita kiasi, na ingekuwa haki warudi na mumoja. Akaongeza kwamba wakirudi wanaweza kutusaidia kutoa na Gaju, maana tumeshamukataa, hana kwao tena. Bâche yote ikatikisika. Espérance alikuwa amesimama mulangoni kwa jikoni, nilimutambua kwa kitambaa chake cheupe, akajifunika uso, na mpaka leo sijui kama alikuwa anacheka ao analia.

Hapo njo nikasema yote. Nikasema dawa ya docta, mboni imefunguliwa, jua, nikasema jicho la kushoto ni mishipa iliyokosa kutengenezwa tumboni, hakuna moto, hakuna maziwa, mama yetu hakufanya kitu, docta ameona kwa mashini yake na wanafunzi wake wote wameona. Nilisema kila neno, hakuna lililoanguka njiani. Na walikuwa bado wanapangusa machozi ya kicheko. Muntu mumoja akauliza kama docta huyo ameona na Gaju.

Shangazi Veronika akainua kidole kutoka kwenye kiti.

"Mumuone," akasema. "Mama yake aliunguza maziwa, njo haya. Mama yake alikuwa muchafu mu maziwa."

Nikamugeukia Dieudonné. Sikuona sura yake, niliona kivuli kirefu tu, lakini nilijua ni yeye kwa namna anavyokohoa. Nikangoja. Kitu kidogo tu nilikuwa nataka, aseme "Shangazi, inatosha", neno ambalo hata mulevi anaweza kusema. Nilimuuliza kwa sauti ili wote wasikie: "Kaka, mama yetu aliunguza maziwa?"

Akakohoa tena.

"Umeniharibia siku, Anicet," akasema. "Kaa chini. Shangazi njo anajua mambo ya wakati ule."

Watu wananiambia fundisho la mukasa huu ni kwamba ukitiwa dawa kwenye macho, kaa kivulini, usubiri. Sawa, ninalikubali, na ninaapa kwamba docta akiniambia tena nikae kwenye benchi, nitakaa mpaka waje wafagie chini yangu. Lakini Dieudonné hakutiwa dawa. Shangazi hakutiwa dawa. Wao waliniona vizuri siku ile, na mama yangu walimuona vizuri miaka yote.

Sikukaa chini. Nilifunga kifungo cha koti, nikapapasa ukuta wa matete mpaka nikapata mulango, nikatoka. Nyuma yangu musemaji wa wakwe alikuwa anasema wasianze kupokea ngombe bila mimi, Papa ameenda kukojoa tu, atarudi, na wakacheka tena, wakaningoja.

Sijarudi.